Sauti ya Chini ya Baba Mdogo

Mwanangu Mwanaidi,

Salamu sikuandikii. Tunaishi nyumba moja, na asubuhi uliniamkia, ingawa uliniamkia huku unaangalia sufuria ya chai. Nililiona hilo. Mimi mambo ya namna hiyo hayanipiti, ndiyo kasoro yangu, na ndiyo iliyonikalisha mezani alasiri hii wakati wewe na mama yako mmekwenda kununua mashuka.

Kesho tunakupeleka chuoni Fort Worth. Habari za oili ya gari, za kufunga mlango vizuri, za kutokula tambi za pakiti asubuhi na jioni, mama yako amekwisha kuzisema na atazirudia njia nzima kutoka hapa Pearland hadi tutakapoteremsha sanduku la mwisho. Sitamwingilia. Mimi nina deni la swali moja tu, lile uliloniuliza wiki iliyopita jikoni, wewe umeshika simu na mimi nimesimama na viatu vyangu vya kazini hospitali. Ulisema, "Baba, what are you so scared of?" Nilitoka nikaenda kukata majani uani na manyunyu yanaanguka. Jirani alinichungulia dirishani, na tangu siku hiyo namwona ananitazama kwa jicho jingine.

Swali hilo nisipolijibu utaondoka nalo, na huko litazaa. Nakwambia wazi, mama: hakuna ninachokiogopa kuliko wewe kutoka nyumbani humu ukiwa huniamini.

Ninakuita mama kwa sababu una jina la mama yangu, hilo unalijua. Unajua pia kwamba mimi si baba aliyekuzaa. Hatujakuficha. Aliyekuzaa ni kaka yangu Kassim, Mungu amrehemu, aliyefariki ukiwa bado hujaanza shule, na mama yako mzazi alikuwa ametangulia wakati unanyonya. Kwa damu mimi ni baba yako mdogo, na kwa kukulea ndiyo nikawa baba. Usichokijua ni kazi niliyokuwa nikiifanya Dar es Salaam kabla hatujahamia huku. Nilikuwa nakwambia "niliwahi kuigiza igiza," kama mtu anayesema aliwahi kucheza mpira shuleni. Nilikuwa napunguza. Ilikuwa ndiyo maisha yangu.

Nianze na yale niliyoyaona mwezi huu, ili ujue nimekuwa nikiwaza nini.

Kwanza ulichukua pasipoti na cheti cha kuzaliwa kwenye droo ya mama yako. Kisha ukaanza kuongea na shangazi yako Tunu, yuko Tanga, wewe uko chumbani, mlango umefungwa. Kisha picha ya Kassim ikabanduliwa ukutani sebuleni na kurudishwa imekaa upande. Halafu siku ile mezani, ukiwa unachambua samaki, ukauliza kama mtu anayeuliza saa, "Baba, kuna nyumba Tanga? Like, ya Baba Kassim?"

Nikasema, "Muulize shangazi yako."

"Mbona una-whisper?"

"Si-whisper."

"Baba, uko una-whisper. Kwenye ile movie pia uli-whisper, kabla ya kuwafukuza wale watoto."

Mama yako akainua macho kwenye sahani, akayashusha. Nikajua umeiona. Tangu watu walipoanza kuziweka zile filamu za zamani mtandaoni nilijua siku hiyo inakuja, na bado iliponifikia nilikuwa na mwiba wa samaki mdomoni.

Sasa sikiliza ilivyokuwa.

Nilipokwenda kujiunga na kikundi cha sanaa nilitaka kuigiza mchumba. Vijana wote walitaka kuwa mchumba. Dairekta wetu, mzee mmoja mwenye sigara isiyowashwa, alinizunguka akinitazama kama mtu anayenunua mbuzi. Unaujua uso wangu. Kope zimelala, na nyusi ya kushoto imekaa juu bila sababu, hata walimu wako hapa walikuwa wanadhani nabishana nao. Akasema, "Uso huu hauwezi kuposa. Uso huu unaweza kudai mirathi." Wenzangu wakacheka mpaka mmoja akakaa chini. Wiki hiyo hiyo nikawa baba mdogo anayewadhulumu yatima, na sikuwahi kuwa mtu mwingine tena.

Tulikuwa tunaigiza kwenye kumbi za vinywaji mwisho wa juma. Kwanza ngoma, kisha sarakasi, kisha taarabu, halafu igizo. Watu wanakunywa, feni zinapiga kelele, watoto wanakimbia kati ya meza, kwa hiyo usipopayuka hakuna anayekusikia. Nilipayuka. Na kwetu, kama ujuavyo kwenye harusi, mtu akifurahishwa anapanda jukwaani kumtunza mchezaji. Binti aliyekuwa akiigiza yatima alikuwa anabandikwa noti usoni mpaka haoni mbele. Mimi hakuna aliyenitunza. Jumapili moja mama mmoja wa makamo akapanda, akampa yatima noti yake, akageuka, akavua kandambili, akanizaba nayo shavuni mbele ya ukumbi mzima. Nyuma ya jukwaa dairekta akanishika bega, akaniambia hiyo ndiyo tuzo yangu na nisitegemee nyingine.

Kisha zikaja filamu za video. Kila mwenye kamera ya harusi akawa mtengeneza filamu. Siku ya kwanza ya kurekodi nilipayuka kama kawaida yangu, na kijana aliyekuwa anashughulikia sauti akavua vifaa vyake masikioni akavitupa juu ya kiti. "Mzee, hapa hatuko ukumbini," akasema. "Maiki hii inasikia mpaka tumbo lako." Maiki yenyewe ilikuwa imefungwa kwenye mti wa fagio. Tulirudia mara nyingi, tukisubiri jogoo anyamaze, tukisubiri adhana iishe, tukisubiri jirani azime jenereta, na kila mara nikipayuka. Waigizaji wengi wa jukwaani walishindwa hapo, wakarudi makwao wakilaumu mashine.

Hatukuwa na maandishi ya kukariri. Dairekta alikuwa anatwambia tu, "Wewe unaitaka nyumba. Wao hawataki kutoka. Haya." Basi safari ile, kwa kuchoka tu, niliinama. Nikamwekea yule mtoto mkono kichwani, nikamwambia polepole, kwa sauti ambayo mtu humwambia mtoto anayempenda, "Nenda ukacheze nje, mwanangu. Nyumba hii si yako." Mtoto akalia machozi ya kweli, mama yake akaja kumchukua, akinitazama vibaya. Kijana wa sauti akaniinulia kidole gumba. Nilikuwa nimeipata kazi yangu, Mwanaidi, na sitakudanganya, nilifurahi sana.

Tangu hapo nilikuwa baba mdogo wa Kinondoni, baba mdogo wa Bagamoyo, baba mdogo aliyerudi kutoka Oman na meno ya dhahabu. Jina langu watu walilisahau, wakaniita Dhuluma. Muuza nyama alikuwa ananipimia huku akiniangalia mikono. Wanawake wenye watoto walihama kiti. Nilipokwenda kumposa mama yako, babake alipokea posa vizuri, tukala, tukanawa, halafu akasema anataka kwanza kumwona kaka yangu. Kassim akasafiri kutoka Tanga kuja kumwambia mzee wa watu kwamba mimi tangu utotoni siwezi hata kuchinja kuku. Ndivyo nilivyooa.

Kassim alizipenda zile filamu kuliko mimi. Alikuwa anazitazama na wewe umelala mapajani mwake, anacheka peke yake. Alikuwa akinitania, "Nikifa, mwanangu asikukute sebuleni." Nami namjibu, "Wewe kufa tu, nyumba nimeshaipigia hesabu." Watu wa Tanga tunataniana hivyo. Akaumwa, muda mfupi, akafa.

Baada ya arobaini ukoo ulikaa kikao sebuleni, kwenye nyumba hiyo hiyo ya Ngamiani uliyoniuliza. Mambo yalikuwa mawili: nani akuchukue wewe, na nani awe msimamizi wa mirathi. Ndugu wa kiume wa Kassim nilikuwa mimi peke yangu. Kwa desturi hapakuwa na cha kujadili. Lakini Mzee Bakari, aliyekuwa mkubwa wa ukoo, alikohoa, akapangusa miwani, akasema lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Nikauliza linasemwa nini. Akasema, "Wewe mwenyewe umelisema, tena kwenye kaseti, nchi nzima imesikia." Nikasema, "Mzee wangu, zile ni filamu." Akasema ndiyo, anajua ni filamu. Alivyosema "anajua" nilijua hajui.

Wakati huo ukaingia wewe. Ulikuwa na gauni la njano, umeshika kipande cha kaimati, umesimama katikati ya wakubwa wanaogombania mambo ya baba yako. Nikaona si vizuri usikie. Nikafanya ambacho mtu mzima yeyote angefanya. Niliinama, nikakuwekea mkono kichwani, nikakwambia polepole, "Nenda ukacheze nje, mwanangu."

Maneno yalipokwisha kutoka ndipo nikayasikia.

Mtu mmoja alisema "astaghfirullah" chini kwa chini. Mzee Bakari alinielekezea mkono wazi, kama wakili aliyemaliza kazi. Na shangazi yako Tunu, dada yangu niliyemfuata ziwa, akaanza kulia. "Kaka, mimi nakujua," akasema. "Nakujua kuliko hawa wote. Lakini ukiinama hivyo kwa mtoto mwili unanisisimka. Nitalalaje? Kikulacho ki nguoni mwako." Nilikuwa tayari kugombana na ukoo mzima, ila si na Tunu.

Na wewe je? Wewe ulikwenda kucheza. Uliitikia "haya," ukatoka mbio na kaimati yako. Katika nyumba ile ulikuwa mtu pekee ambaye hukuwahi kuitazama filamu macho wazi. Wewe peke yako ndiye uliyeisikia sauti yangu ikawa sauti tu ya baba mdogo. Nimeishi kwa ile "haya" yako mpaka leo, mama, na ndiyo maana ulipotaja ile filamu mezani nilihisi shahidi wangu wa mwisho amenigeuka.

Nilisimama nikawaambia: nyumba asimamie Tunu, sitaki hata msumari wake. Mtoto mnipe mimi. Na uso huu hamtauona tena kwenye filamu wala jukwaani. Mzee Bakari akataka niape. Nikaapa mbele yao.

Haikupita wiki dairekta akanipigia simu, sauti yake imechangamka. Amepata mtu wa kugharimia filamu mpya na amenipa mimi nimwigize mwalimu wa shule, mjane wa watu anampenda, mtu mwema tangu mwanzo hadi mwisho. Nilikuwa nimemlilia miaka nafasi kama hiyo. Nikamwambia siwezi. Sikumwambia sababu. Najua anadhani nilimdharau, na alikufa akidhani hivyo. Sikuona haja ya kukueleza jambo hili ulipokuwa unakua, nikihofu utaona unadaiwa. Hudaiwi. Lakini kunyamaza kwangu nako kulikuwa kosa, kwa sababu nyumba yenye mtu anayenyamaza kila mtu hujitungia maelezo yake.

Nyumba ya Ngamiani ipo. Ni ya kwako. Vyumba vya mbele wamo wapangaji, na shangazi yako ndiye anayejua paa limefikia wapi na kodi imefanya nini. Mimi sijui, kwa kuwa sikuwahi kuuliza. Niliogopa kwamba siku nikiuliza tu, "Nyumba inaendeleaje?" nitasikika kama yule. Nilidhani mikono iliyo mbali ndiyo mikono safi. Matokeo yake mtoto ananiuliza mali ya baba yake na mimi namjibu kama tapeli: muulize fulani.

Halafu yuko Papa Élie. Unamkumbuka, yule Mkongo aliyekuletea baiskeli. Tulipofika nchi hii tulianzia Mesquite, na mimi nilikuwa napanga mizigo kwenye ghala usiku na mchana. Papa Élie alikuwa anaendesha foklifti, ile mashine ya kunyanyulia mizigo. Siku ya kwanza alinitazama mpaka akagonga nguzo. Kumbe kwenye kambi yao ya wakimbizi, kabla ya kuletwa huku, walikuwa wanatazama kaseti zetu kila Jumamosi. Akashuka, akaja kunisimamia mbele.

"Mi nakujua weye," akasema. "Ni weye ulifukuzaka batoto ya ndugu yako ku nyumba."

Nikamwambia ni filamu. Akasema, "Filime, filime. Macho ni ya weye." Tangu hapo akawa hasogezi chakula chake karibu na mimi. Akisikia nazungumza na mama yako kwenye simu, anapunguza mwendo wa mashine asikilize. Nilimchukia, nakwambia kweli. Nilisema moyoni, nimevuka bahari nzima na Mzee Bakari amenitangulia.

Jumapili moja akabisha hodi nyumbani, hakualikwa. Alisema amepita tu, na mtu hapiti tu Mesquite, kila mahali ni kwa gari. Akakaa, akanywa chai, macho yakizunguka ukutani, mlangoni, chini ya meza. Ukatoka chumbani na jino lililong'oka mkononi, ukaja moja kwa moja kunipandia miguuni kunionyesha. Papa Élie akaweka kikombe chini. "Uyu ni mutoto ya nani?" Nikasema ni wa kaka yangu marehemu. Akatutazama sana. Mwisho akacheka, akajipiga paja, "Alors, ule wa filime ni nani?"

Wiki iliyofuata akaja na baiskeli. Nikamuuliza ana kwa ana kama siku ile alikuja kupeleleza. Hakuona haya. "Ndiyo. Nilikuya kuangalia kama mutoto anakula." Miaka mingi nimelitafuna jibu hilo. Nilikuwa nimemkasirikia mtu ambaye kumbe alikuwa upande wako. Mzee Bakari naye, na Tunu, na yule mama wa kandambili, wote walikuwa upande wa yatima. Mimi niliona tu kwamba wananitazama mimi. Papa Élie aliwazidi kwa jambo moja: alikuja akabisha hodi akaangalia mwenyewe.

Sasa nirudi jikoni, wiki iliyopita. Ulikuja na simu, umechangamka, ukaniambia wale watu wa jukwaa wa chuo cha Fort Worth wanataka uwapelekee kipande ulichorekodi kabla masomo hayajaanza, na kwamba umechagua kipande cha nyumbani, utakifanya kwa Kiswahili na kukieleza kwa Kiingereza. Ukasema unahitaji mtu wa kusimama nyuma ya simu akusomee upande wa pili. Ukanipa karatasi. Nikasoma mstari wa kwanza, "Nenda ukacheze nje, mwanangu."

Kati ya vipande vyote vya dunia, ukachagua hicho.

Nilisema, "Mtafute mwingine."

"Hakuna mwingine, Baba. Ni wewe. Like, literally ni wewe."

"Mtafute mama yako."

Ndipo ukaniuliza naogopa nini, nami nikaenda kukata majani.

Unataka kujua nilichokuwa nawaza pale uani? Niliwaza umenitegea. Niliwaza unataka niyaseme maneno yale ndani ya nyumba yangu mwenyewe, simu inarekodi, halafu umpelekee shangazi yako. Pasipoti, cheti, picha ya Kassim, simu za faragha, na sasa ushahidi wa sauti. Nilivipanga vyote mstari mmoja, vikapangika vizuri sana. Mtu aliyeigiza hila miaka mingi hakosi kuziona, hata pale ambapo kuna binti tu anayejiandaa kwenda chuo. Mama yako aliponiambia pasipoti na cheti vinatakiwa chuoni nilimuuliza amejuaje. Akanitazama, akaenda kulala.

Kisha nikakusikia unafanya mazoezi peke yako. Ukuta wa chumba chako na bafu ni mwembamba, nilikuwa nanyoa ndevu. Ulikuwa unaigiza pande zote mbili. Na upande wangu, mama, ulikuwa unauharibu. Ulikuwa unapayuka kama mimi siku ya kwanza, mpaka nikataka kugonga ukuta nikwambie shusha sauti, huyu bwana hajui kuwa ni mbaya, anadhani anawapenda hawa watoto. Nilisimama na povu usoni nimekasirika kweli. Nikajishangaa. Sijawahi kukasirika hivyo tangu nilipoiacha kazi.

Halafu ukaja upande wako, wa yule mtoto. Ukasema, "Baba mdogo, si ulisema unanipenda?" Ukalia.

Sijui kama ulikuwa unaigiza. Nimefanya kazi hii ujana wangu wote, nimewaona waliao kwa kitunguu na waliao kwa ndugu zao waliokufa, na kwa kilio chako sikuweza kusema hiki ni kipi. Mpaka sasa sijui. Sitakuuliza, lakini ukiniambia nitafurahi.

Huko unakokwenda watakutazama uso kama nilivyotazamwa, wataamua kabla hujafungua mdomo. Labda watakupa uigize mfanyakazi wa ndani, labda mkimbizi, tena na tena. Sikwambii ukatae. Mimi sikukataa, na jukumu dogo ukilishika vizuri watu watakuvulia kandambili. Kosa langu halikuwa kuwa Dhuluma. Nilikosea nilipodhani nimemwacha Dar. Nilihama naye, na miaka yote hii nimekuwa namlinda mlangoni asije akatoka: sikuinama kukuongelesha, sikukuwekea mkono kichwani mbele za watu, hata kwenye harusi za watu. Ulikuwa mdogo, bila shaka ulidhani baba huyu ni mgumu tu. Hilo ndilo ninalolijutia, kuliko kumkataa yule mwalimu wa shule.

Leo mchana nimempigia Tunu. Nilimwambia nataka kukivunja kile kiapo. Dada yangu akacheka kwanza, kisha akaniomba radhi kwa ajili ya siku ile, nami nikamwambia alikuwa analinda mtoto. Niliapa juu ya uso, na wewe unanitaka nyuma ya simu, sauti tu, kwa hiyo ningeweza kujitetea kwamba kiapo hakijaguswa. Lakini hiyo ni hila ya Dhuluma, siitaki. Nitakivunja wazi wazi, na Tunu atalisha maskini kwa niaba yangu, ndiyo kafara yake. Nikamuuliza mlikuwa mnazungumza nini mlango umefungwa. Akasema umemuuliza juu ya nyumba, tena ni haki yako, na umemuuliza mimi nilikuwa mwigizaji wa namna gani. Nikamuuliza na kingine? Akasema, "Kaka, mtoto yuko hapo nyumbani kwako. Muulize mwenyewe."

Basi kesho asubuhi, kabla hatujapakia, weka simu kwenye ukingo wa dirisha la jikoni, mwanga wa upande ule unakupendeza. Chomoa friji, maana linaguruma na wewe hulisikii lakini maiki inalisikia. Mama yako asikaange chochote. Mimi nitasimama pembeni ya mlango, na karatasi sihitaji.

Nitakuja karibu. Nitainama, ingawa sasa unanikaribia urefu. Nitakwambia uende ukacheze nje, na kwamba nyumba hii si yako. Nitalisema polepole, kwa sauti ya chini, vizuri kuliko nilivyowahi kulisema. Wewe lia unavyotaka, ila usiniamini hata neno moja.

Baba yako